Paraschiva, Binti wa Ijumaa



Leo tujifunze jina moja la kike kutoka Romania: Paraschiva. Linatamkwa "Paraskiva". Najua kuna atakayeuliza, Romania inatuhusu nini sisi? Vumilieni kidogo. Jina hili nimelifikia kwa njia ya kosa langu mwenyewe, kwa hiyo ni haki nianze na kosa.

Katika mwaka wangu wa kichungaji nilikuwa nasaidia kufundisha wakatekumeni. Kati yao alikuwemo binti wa miaka kumi na tisa, mkimya, anayewahi kipindi kuliko wote. Anaitwa Mwajuma. Amelelewa na bibi yake, Mwislamu wa swala tano, na bibi ndiye aliyempa jina hilo kwa sababu alizaliwa siku ya Ijumaa. Siku moja baada ya kipindi alinisubiri mlangoni, akaniuliza, "Frateri, nikibatizwa, Mwajuma linafutwa?"

Nikajibu bila hata kufikiri: "Ndiyo, hilo ni la Kiislamu. Tafuta jina la mtakatifu, hilo uliache."

Akasema, "Sawa, Frateri." Vipindi viwili vilivyofuata hakuonekana. Katekista ndiye aliyenieleza: bibi alikuwa amemruhusu mjukuu wake abatizwe, tena bila ugomvi wowote, ila aliposikia habari ya jina alilia. Hakugomba. Alilia tu.

Jamani, mimi nina shahada ya falsafa. Nimesoma Cratylus ya Plato, ambamo wanabishana kama jina linashikamana na kitu kwa asili yake au ni makubaliano tu ya watu. Mtihani nilifaulu vizuri. Lakini swali la Mwajuma nililijibu kwa sekunde tatu, na nikalijibu vibaya.

Basi nikaanza kutafuta. Nilijiuliza jambo dogo tu: hivi wapo Wakristo wanaobatizwa kwa jina la siku ya Ijumaa? Kumbe wapo, tena wengi, na kwa Warumania jina hilo limeota mizizi ya kila aina.

Neno na maana yake

Paraschiva (wengine huandika Parascheva) limetoka kwenye Kigiriki, paraskevi, na maana yake ya kwanza ni maandalio. Wayahudi waliozungumza Kigiriki waliiita hivyo siku ya kuamkia Sabato: siku ya kupika chakula cha kesho na kuweka taa tayari, maana jua likishazama hakuna kazi tena. Siku hiyo ndiyo Ijumaa yetu. Mpaka leo Mgiriki akitaka kusema Ijumaa anasema Paraskevi, na binti yake pia anaweza kumwita hivyohivyo.

Sasa fungua Biblia yako. Injili zote nne, zinaposimulia kifo cha Bwana, zina neno hili. Marko 15:42 anajitahidi hata kulieleza kwa wasiojua desturi za Kiyahudi. Yohane analirudia mara tatu katika sura ya 19: aya ya 14 Pilato anapomleta Yesu mbele ya watu, aya ya 31 wanapoomba miili iondolewe msalabani, na aya ya 42 Yesu anapolazwa kwenye kaburi lililokuwa karibu kwa sababu muda umekwisha. Katika Kiswahili tunasoma "Maandalio" au "matayarisho", tunapita, hatugutuki. Walatini hawakulitafsiri, waliliacha kama lilivyo, parasceve. Misale ya zamani ya Kirumi iliita Ijumaa Kuu Feria sexta in Parasceve. Kwa hiyo hata makuhani wetu wa zamani, waliosoma Misa kwa Kilatini hapa kwetu, neno la yule binti wa Kiromania walikuwa nalo kitabuni.

Anayenigusa zaidi ni Luka. Mwisho wa sura ya 23 wanawake waliomfuata Yesu kutoka Galilaya wanaangalia alivyolazwa, wanarudi, wanaandaa manukato na marhamu, kisha wanapumzika Sabato. Siku ya Maandalio, na wao wanaandaa. Walidhani wanaandalia maiti. Ukimwita mtoto wa kike Paraschiva, ni hapo unapomweka: kati ya msalaba na asubuhi ya Pasaka, pamoja na wale kina mama wenye marhamu mikononi.

Warumania wana jambo la ziada ambalo kwangu ni la ajabu kidogo. Lugha yao imezaliwa na Kilatini, na siku yenyewe ya Ijumaa wanaiita vineri, yaani siku ya Venus, mungu wa kike wa Warumi wa kale. Waliibatiza nchi nzima, lakini jina la siku hawakulibadilisha. Mtoto wa kike ndiye waliyempa jina la Injili, nalo likawafikia kwa njia ya Kislavoni cha Kanisa, lugha waliyoisalia kwa karne nyingi. Majirani zao Wabulgaria na Waserbia walilitafsiri, wakawa na Petka, kutoka neno lao wenyewe la Ijumaa. Warusi wana Praskovya. Kijijini Romania Paraschiva hufupishwa kuwa Chiva, kama kwetu Anastazia anavyoitwa Stazia. Siku hizi utalikuta zaidi kwa mabibi kuliko kwa watoto wachanga.

Na Ijumaa Kuu je? Kiromania ni Vinerea Mare. Ukitafsiri neno kwa neno unapata... Ijumaa Kuu. Nilicheka peke yangu maktaba.

Vijijini, Ijumaa iligeuka hata kuwa mtu. Katika hadithi zao yupo Sfânta Vineri, Mtakatifu Ijumaa, bibi kizee anayekutana na wasafiri na kuwasaidia. Wanawake waliogopa kusokota uzi au kufua siku yake, asije akakasirika. Hapo imani na ushirikina vilikaa benchi moja, na sioni sababu ya kuwapamba. Lakini chini ya hofu hiyo ipo desturi safi ya zamani sana: kitabu cha Didake, mojawapo ya maandishi ya kwanza kabisa ya Wakristo nje ya Biblia, kinawaagiza waamini wafunge Jumatano na siku ya Maandalio. Sisi nasi hatuli nyama Ijumaa. (Au tunatakiwa tusile. Tusichunguzane leo.)

Msichana wa Epivates

Aliyelifanya jina hili lipendwe Romania ni msichana wa karne ya 11, kutoka Epivates, mji mdogo wa pwani karibu na Konstantinopoli, leo ni ndani ya Uturuki. Mapokeo yanasimulia kwamba alizaliwa katika familia yenye uwezo. Akiwa mtoto alisikia kanisani Injili inayosema juu ya kujikana nafsi na kuuchukua msalaba. Akatoka nje, akakutana na maskini, akampa nguo zake nzuri. Wazazi wakakasirika. Akarudia tena. Baadaye aliondoka nyumbani, akaishi maisha ya sala na kufunga mpaka jangwa la Yordani, kisha akarudi kufia kwao, bado kijana. Hakuandika kitabu, hakuanzisha shirika. Ukitaka kuandika CV ya Parascheva, karatasi inabaki nyeupe karibu yote.

Yupo na mwingine wa kale zaidi, mfiadini, anayekumbukwa tarehe 26 Julai. Huyo mapokeo yanasema aliitwa Paraskevi kwa sababu alizaliwa siku ya Ijumaa. Niliposoma hilo nikaweka kitabu chini. Ni sababu ileile ya bibi yake Mwajuma.

Turudi kwa yule wa Epivates. Safari zake ndefu alizifanya baada ya kufa. Masalia yake yalipelekwa Tarnovo, mji mkuu wa Wabulgaria, katika karne ya 13. Waturuki walipouteka mji huo mwaka 1393 yakahamishwa, yakafika Belgrade. Mwaka 1521 Sultani Suleiman akaiteka Belgrade, masalia yakaenda Konstantinopoli. Mwaka 1641 mtawala wa Moldova, Vasile Lupu, akayapata na kuyaleta Iași (tamka "Yash"), mji ulio kaskazini mashariki mwa Romania ya leo. Mwaka 1888 moto ulizuka katika kanisa yalimokuwa, na masalia yakasalimika. Kila tarehe 14 Oktoba, siku ambayo Watanzania tunamkumbuka Mwalimu Nyerere, mahujaji kwa maelfu wanapanga foleni Iași, wengine saa nyingi sana usiku kwenye baridi, ili wapite mbele ya jeneza la msichana mmoja.

Ni kweli, wengi wa mahujaji hao ni Waorthodoksi, kama walivyo Warumania wengi. Lakini hata Wakatoliki wa Kigiriki wa Romania, walioungana na Roma kuelekea mwaka 1700 huku wakibaki na liturujia yao ya Kibizanti, wanamkumbuka tarehe hiyohiyo. Kanisa lao lilipigwa marufuku na wakomunisti mwaka 1948, na maaskofu wao saba waliokufa katika mateso hayo Papa Fransisko aliwatangaza wenyeheri huko Blaj tarehe 2 Juni 2019. Siku moja kabla yake alikuwa Iași, na aliokutana nao huko ni vijana na familia. Kule milimani Maramureș yapo makanisa mawili ya mbao, la Desești na la Poienile Izei, yenye jina la Parascheva, na yote mawili yamo katika urithi wa dunia wa UNESCO tangu mwaka 1999.

Turudi kwa Mwajuma

Kwanza sheria, maana hapo ndipo nilipojikwaa. Kanuni ya 855 ya Sheria za Kanisa za mwaka 1983 inataka jambo moja tu: mtu asipewe jina lililo geni kwa fikra za Kikristo. Haisemi kwamba lazima liwe la mtakatifu, wala haisemi kwamba la nyumbani lifutwe. Katekisimu (namba 2156) inafundisha kwamba jina la ubatizo laweza kuwa la mtakatifu, na laweza pia kutaja fumbo au fadhila ya Kikristo. Mimi nilirudia tu nilichozoea kusikia tangu utotoni.

Halafu, "la Kiislamu" nilisema kwa kipimo gani? Mtakatifu Bakhita jina lake ni la Kiarabu, tena alipewa na watu waliomteka utumwani. Linatokana na bahati, neno tunalolitumia kila siku. Kanisa halikumvua. Na Juma lenyewe ni neno la Kiarabu lenye mzizi wa kukusanyika. Mzizi huohuo umetupa jamaa, jamii na, subirini, jumuiya. Ile Jumuiya Ndogo Ndogo unayokwenda kusali kila wiki (au unayotegea) imetoka tumbo moja na jina la Mwajuma.

Hapa nikapata kishawishi. Nilitaka kumwambia binti: kumbe bibi yako alimtaja Kristo wa Ijumaa Kuu bila kujua! Inapendeza kwenye mahubiri. Lakini si kweli, na ningekuwa namwibia mzee maana yake. Bibi alimshukuru Mungu kwa siku ya Waislamu kukusanyika kusali, basi. Jina likiingia katika ubatizo linapata mlango mwingine. Ule wa kwanza hauna haja ya kubomolewa, kama vile Warumania walivyoendelea kusema vineri na Mungu hakuwakataa.

Nilikwenda nyumbani kwao pamoja na katekista.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mjukuu wangu. Karibu."

Nikamwomba radhi mbele ya Mwajuma. Nikamweleza kwamba paroko nimeshaongea naye, jina linabaki, na akitaka ataongeza la mtakatifu somo. Kisha nikajikuta nawasimulia habari za Paraschiva, foleni ya Iași na yote. Bibi alisikiliza mpaka mwisho.

"Kwa hiyo huko Ulaya mwana wa Ijumaa wanamwitaje?"

"Paraskiva, bibi."

Akajaribu. Akajaribu tena. Akacheka mpaka kanga ikamdondoka begani. "Hilo hapana, baba. Mwacheni na lake."

Mwajuma naye, nilipomuuliza faragha kama angependa kuongeza Parascheva, alinijibu kwa adabu kwamba ni gumu. Alichagua Maria. Paroko akajaza fomu kwa mkono wake: Maria Mwajuma.

Jumamosi ya Kesha la Pasaka, mchana, nilipita pale kwao kuwakumbusha saa ya kuwahi kanisani. Mwajuma alikuwa anapiga pasi gauni jeupe. Bibi alikuwa ameketi barazani, ungo mapajani, anachagua mchele wa pilau ya kesho.