Injinia akishika maiki ya siasa: tumsikilizeje?

Ukipita kwenye vimbweta jioni, hukosi kundi la watu watano wamelizunguka simu moja. Anayeongea kwenye simu ni Mwafrika Mashariki anayeishi ughaibuni. Kitaaluma ni injinia. Mchana yuko kazini, usiku anachambua siasa za nyumbani. Msimamo wake ni wa kihafidhina: anatetea familia, dini, mila na utulivu wa nchi, na hataki mabadiliko ya haraka haraka. Anaongea kwa namba, hababaiki, na klipu ikiisha mmoja wetu lazima aseme, "Huyu jamaa ana akili, ni injinia."

Somo letu leo linaanzia hapo kwenye "ni injinia". Je, kujua kujenga daraja kunampa mtu uwezo wa kutuambia nchi iendeshwe vipi? Na je, kuishi mbali kunamfanya aone vizuri zaidi, au vibaya zaidi? Ukimaliza kusoma, uwe na maswali matatu ya kumpima nayo mchambuzi yeyote, awe mhafidhina au mwanamageuzi.

Kwanza, neno lenyewe

Mhafidhina ni mtu wa kuhifadhi. Shina la neno ni lile lile la hifadhi. Kwetu neno hili limegeuka karibu kuwa tusi, na hilo si sawa. Mwaka 1991 serikali iliunda tume chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali ili kukusanya maoni kuhusu mfumo wa vyama. Asilimia 80 hivi ya waliotoa maoni walitaka chama kimoja kiendelee, na asilimia 20 tu ndio waliotaka vyama vingi. Hata hivyo tume ilipendekeza vyama vingi, na mwaka 1992 sheria ikabadilishwa.

Sasa, tuseme wale asilimia 80 walikuwa wajinga? Hapana. Hofu ya kupoteza amani na umoja ni hoja, wala si ya kuchekea. Lakini wale asilimia 20 nao walikuwa na haki ambayo wingi wa kura usingeifuta. Kwa hiyo mhafidhina akiongea, usiishie kwenye jina la kambi yake. Swali la kwanza ndilo hili: anataka kuhifadhi nini, na kwa faida ya nani?

Pili, mtaalamu na hesabu zake

Injinia amefundishwa kuuliza, "Hiki kitu kinafanyaje kazi?" Ni swali zuri. Siasa inaongeza jingine: "Nani atalipa gharama?" Sisi tunaotoka Bashay na maeneo ya Mbulu tuna mfano jirani kabisa, kule Hanang.

Kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1960 na kuendelea, serikali yetu kwa msaada wa Kanada ilianzisha mashamba makubwa ya ngano kwenye tambarare za Hanang, chini ya shirika la NAFCO. Wakaja wataalamu wageni na matrekta. Mashamba yalifikia ekari zipatazo 100,000. Kwa hesabu za ngano, mradi ulionekana kufanya kazi: mashine zinalima, ngano inavunwa, nchi inapata chakula.

Lakini ile ardhi haikuwa tupu. Ilikuwa malisho ya Wabarbaig, na malisho bora kabisa. Walikuwa wakihamisha mifugo kwa zamu kufuatana na msimu, kwa hiyo mtu aliyefika wakati ng'ombe hawapo angeweza kudhani eneo halina mwenyewe. Makaburi ya wazee wao nayo yalilimwa. Wafugaji wakaenda mahakamani. Wakashinda Mahakama Kuu, kisha miaka ya 1980 wakashindwa kwenye Mahakama ya Rufani.

Hakuna haja ya kusema wale wataalamu walikuwa watu wabaya. Kwenye ngano walikuwa sahihi. Shida ni kwamba karatasi yao ya hesabu haikuwa na safu ya Mbarbaig. Na ona jambo moja la ajabu: katika kisa hiki, aliyetaka kuhifadhi ni mfugaji, na aliyeleta mabadiliko ya haraka ni mtaalamu. Swali la pili basi: katika hesabu zake, nani hakuhesabiwa?

Tatu, umbali na gharama

Hapa tutumie watu wawili wa fani za ufundi walioingia kwenye siasa za mtandaoni. Hakuna kati yao niliyemchagua kwa sababu ya uhafidhina. Nimewachagua kwa sababu wanatuonyesha mtu anafanya nini maneno ya mtandaoni yanapogusa maisha ya watu.

David Kobia ni Mkenya, mtaalamu wa programu za kompyuta, aliyekuwa akiishi Alabama, Marekani. Ndiye aliyeendesha Mashada, ukumbi wa mtandaoni ambapo Wakenya wa ndani na nje walijadili kila kitu. Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007 Kenya ikaingia kwenye machafuko, na watu zaidi ya 1,100 wakauawa. Kule Mashada mijadala ikageuka matusi ya kikabila. Wengine waliokuwa wakichochea walikuwa ng'ambo, salama kabisa, wakati moto unawaka kwa wenzao.

Mwezi Januari 2008 Kobia aliufunga ukumbi wake mwenyewe. Badala yake akaweka tovuti aliyoiita I Have No Tribe, yaani sina kabila. Mwezi huo huo alishirikiana na mwanasheria Ory Okolloh, Erik Hersman na Juliana Rotich kuunda Ushahidi, mfumo uliopokea taarifa za wananchi kwa ujumbe wa simu na kuziweka kwenye ramani. Angalia: ufundi wake ulikuwa na faida kubwa zaidi pale alipofanya kazi na watu wa fani nyingine, na pale alipowapa nafasi walioko kwenye tukio waseme wenyewe.

Wa pili ni wa hapa hapa nyumbani. Maxence Melo alisomea uhandisi wa ujenzi Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Mwaka 2006 yeye na Mike Mushi walianzisha jukwaa linalojulikana leo kama JamiiForums. Desemba 2016 alikamatwa. Polisi walikuwa wakitaka taarifa za watumiaji wa jukwaa, yeye akakataa kuzitoa. Akafunguliwa kesi, miongoni mwake za Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015. Moja akaachiwa huru mwaka 2018. Nyingine, Aprili 2020, akahukumiwa faini ya shilingi milioni 3 au kifungo. Unaweza kupinga mengi yanayoandikwa pale. Ila huwezi kusema mtu huyu aliwasha moto akakimbia.

Tuwe waadilifu lakini. Kuna watakaosema, "Aliye nje anyamaze." Hiyo nayo si hoja. Kama nyumbani neno moja linaweza kukupeleka mahakamani, basi kuna mambo ambayo ni rahisi zaidi kuyasema ukiwa nje, na tunayahitaji. Umbali unampa mtu uhuru. Kinachotakiwa ni ajue kwamba uhuru huo sisi tuliobaki hatuna kwa kiwango kile kile. Ndiyo maana swali la tatu ni: kama amekosea, nani ataumia, yeye au sisi?

Kwa nini linatuhusu sisi wa ualimu

Tukienda TP tutakutana na wanafunzi wenye simu na bando, na mwanafunzi atatuuliza, "Mwalimu, yule wa Marekani anasema kweli?" Ukimjibu "achana naye", umempoteza. Ukimjibu "ndiyo, ni msomi", umemdanganya. Mpe maswali matatu, mkae muipasue klipu pamoja.

Kwa vikundi vya majadiliano, jaribuni hivi:

1. Chagueni klipu moja ya mchambuzi mnayekubaliana naye. Kumpima mpinzani ni rahisi mno, hakufundishi kitu.
2. Andikeni dai lake kuu kwa sentensi moja, bila kejeli, kiasi kwamba mwenyewe akisoma angesema ndiyo, hilo ndilo nililosema.
3. Tenganisheni anachokijua kwa taaluma yake na anachokisema kama raia wa kawaida. Vyote vina nafasi, ila havina uzito mmoja.
4. Jibuni yale maswali matatu. Mkishindwa kujibu la pili, tafuteni mtu ambaye sera hiyo inamgusa moja kwa moja, mkamuulize.

Namba nne ndiyo ngumu kuliko zote, maana inakutoa kwenye kimbweta. Kule Hanang mtu wa kuulizwa alikuwepo muda wote, amesimama na ng'ombe wake.