Dari ya riba ya 2016: mkopo wa bei nafuu ulienda wapi?

Swali ambalo wateja hutuuliza sana ni hili: kwa nini serikali isiweke tu sheria kwamba mikopo yote iwe ya riba ya chini, tumalizane na haya mambo? Ni swali la haki. Na Kenya tulilijaribu kabisa, kwa zaidi ya miaka mitatu. Kwa hivyo leo hatutakisia. Tutaangalia kilichotokea.

Turudi 2016. Wakati huo mtu akikopa benki alikuwa akitozwa riba ya wastani wa karibu asilimia 18 kwa mwaka, na wengi wenye biashara ndogo walikuwa wakilipa zaidi ya hapo. Benki nazo zilikuwa zikitangaza faida nono kila mwaka. Watu walikuwa wamechoka, na tukubali kwamba walikuwa na sababu. Mbunge Jude Njomo akapeleka mswada bungeni, Rais Uhuru Kenyatta akautia sahihi Agosti 2016, na tarehe 14 Septemba sheria ikaanza kazi. Ilisema benki isitoze riba inayozidi asilimia 4 juu ya kiwango cha Benki Kuu, kile kinachoitwa CBR. CBR iliposhuka hadi asilimia 10 mwezi huohuo, dari ikawa asilimia 14.

Ukiwa na mkopo wako tayari, hiyo ilikuwa sherehe. Mwalimu mwenye payslip aliona makato yake yakipungua. Lakini tumchukue mama anayeuza omena katika soko la Kibuye, Kisumu. Hana payslip. Hana shamba la kuweka dhamana. Vitabu vya biashara yake viko kichwani mwake, na kusema kweli anavijua vizuri kuliko wahasibu wengi. Anataka shilingi 10,000 za kununua stoki.

Sasa kaa kwenye kiti cha meneja wa benki. Mkopo wa 10,000 unahitaji mtu wa kuuchunguza, kuujaza kwenye fomu na kuufuatilia, karibu kazi ileile ya mkopo wa milioni moja. Riba ya asilimia 14 kwa mwezi mmoja juu ya 10,000 ni kama shilingi 117. Hiyo haitoshi hata kumlipa afisa aliyeenda sokoni kuona kibanda. Zamani benki ingeongeza riba kufidia hiyo hatari na hiyo kazi. Sheria imekataza. Na upande wa pili wa meza serikali yenyewe inakopa: hati ya hazina ya siku 364 ilikuwa ikilipa takriban asilimia 11, na serikali haitoroki sokoni usiku. Wewe ungemkopesha nani?

Benki nyingi zilijibu vile ungejibu. Pesa zikaenda kwa serikali na kwa kampuni kubwa. Kufikia mwisho wa 2017, mikopo kwa sekta binafsi ilikuwa ikikua kwa chini ya asilimia 3 kwa mwaka. Tusiilaumu sheria kwa kila kitu: ukuaji huo ulikuwa umeanza kushuka hata kabla, kwa sababu kati ya 2015 na 2016 benki tatu zilianguka na zilizobaki zikawa na woga. Lakini mtu aliyekuwa mlangoni akingoja mkopo mdogo, sheria ilimfungia mlango uliokuwa tayari umeanza kufungwa.

Mama wa omena hakuacha kuhitaji stoki. Hapa ndipo hadithi inatugusa sisi tulio kwenye biashara ya pesa za simu.

Alikopa kwa simu. M-Shwari ilikuwepo tangu Novemba 2012, na baadaye zikaja apu za mikopo nyingi hata majina yake yakatuchanganya. Mkopo wa M-Shwari wakati huo ulitozwa asilimia 7.5 kwa siku 30. Angalia neno lililotumika: ilikuwa ada, si riba. Sheria ilifunga riba. Ada haikuguswa. Apu nyingi nazo hazikuwa benki hata kidogo, kwa hivyo sheria ya benki haikuzihusu.

Tupige hesabu pamoja. Mkopo wa 10,000, ada 7.5%, unalipa 750 kwa mwezi. Kama faida ya omena ni 2,000 kwa wiki mbili, mkopo huo umekusaidia, na hatutakwambia vinginevyo. Shida ni ukiurudia. Kopa hizo 10,000 kila mwezi kwa mwaka mzima na utakuwa umelipa ada ya 9,000. Mwenye payslip aliyekaa na 10,000 za benki mwaka huohuo, kwa asilimia 14, alilipa riba isiyozidi 1,400. Tofauti ni 7,600, na aliyeilipa ni yule ambaye sheria iliandikwa kwa jina lake. Kwa familia moja hiyo ni karo, ama ni mabati.

Na kulikuwa na gharama nyingine ambayo haiandikwi kwenye risiti. Watu waliorodheshwa CRB kwa madeni ya shilingi mia chache, hadi Aprili 2020 Benki Kuu ilipozuia kuorodhesha madeni ya chini ya 1,000. Baadhi ya apu zilipiga simu kwa shemeji, kwa bosi, hata kwa mchungaji wa mtu, kumtangaza kwamba hajalipa. Kanuni za kuzuia hilo zilikuja Machi 2022, baada ya sheria ya Desemba 2021 kuwaweka wakopeshaji wa kidijitali chini ya Benki Kuu.

Dari yenyewe iliondolewa Novemba 2019. Je, benki zilimkimbilia mama wa omena? Si mara moja. Miezi michache baadaye corona ikaingia na kila mtu akashika pesa zake. Riba ilikaa chini kwa muda, halafu ikapanda, na mwaka 2024 wastani ulipita tena asilimia 16. Kwa hivyo wanaosema soko huria lingetatua kila kitu nao wana maswali ya kujibu. Maoni yetu ni kwamba mkopaji mdogo alisaidiwa zaidi na zile kanuni za 2022 kuliko na dari ya 2016, kwa sababu zinamtaka mkopeshaji aonyeshe gharama yote kabla hujabonyeza kukubali. Sisi pia tunatoza ada, kwa hivyo tupime kwa kipimo hichohicho.

Basi zoezi la wiki hii. Fungua ujumbe wa mkopo wako wa mwisho wa simu. Andika kiasi kilichoingia mkononi, si kile ulichoomba, maana wengine hukata ada mapema. Andika jumla uliyorudisha, pamoja na faini kama ulichelewa. Toa cha kwanza kwenye cha pili. Halafu hesabu umekopa mara ngapi tangu Januari, uzidishe. Weka hiyo namba kando ya faida ya biashara yako ya miezi hiyohiyo. Kama chama chako au sacco inaweza kukupa pesa hizo kwa asilimia 1 kwa mwezi, 10,000 zitakugharimu 100 badala ya 750, na mkutano ujao ni siku nzuri ya kuuliza.