Haki za Mfanyakazi wa Muda katika Idara za Serikali: Kijitabu kwa Watu wa Kindu

Wako watu wengi humu Kindu, katika Kasuku na Mikelenge na hata ng'ambo ya Lualaba huko Alunguli, ambao kila asubuhi hufungua afisi za serikali, huandika daftari, huchukua barua na kulinda lango, na ambao, ingawa raia huwahesabu kuwa watumishi wa dola, hawana namba ya matrikule wala amri ya kuwaingiza katika utumishi wa kudumu. Hao aghalabu huambiwa, siku mkubwa mpya anapofika na jamaa zake wanaotafuta nafasi, ya kwamba mtu wa muda hana haki yoyote, na ya kwamba sheria ya kazi ni ya makampuni tu. Kauli hiyo ni batili.

Mtumishi wa kudumu hutawaliwa na Sheria Namba 16/013 ya tarehe 15 Julai 2016, naye huingia kwa amri rasmi. Miaka peke yake haimtii mtu katika daraja hiyo, hata akitumika mpaka akaota mvi. Ama yule aliyeajiriwa na idara ya serikali kwa mkataba, huyo yumo chini ya Kanuni ya Kazi, Sheria Namba 015/2002 ya tarehe 16 Oktoba 2002, ambayo ibara yake ya kwanza inawataja waziwazi wafanyakazi wa namna yake. (Wale waitwao «nouvelles unités», waliopewa barua ya kupangiwa kazi bila mkataba, shauri lao hufuata njia ya amri ya kuingizwa, nayo ni ndefu zaidi.)

Mkataba wa muda maalumu haupiti miaka 2, wala hauruhusiwi kufanywa upya zaidi ya mara moja, isipokuwa katika kazi za msimu na nyingine chache zilizotajwa na sheria. Na mwajiri akiendelea kumtumikisha mtu nje ya mipaka hiyo, mkataba hugeuka kwa nguvu ya sheria kuwa usio na mwisho. Kibarua naye hakusahauliwa. Tuseme tarishi avukaye mto kutoka Alunguli analipwa kwa siku: akiisha kutimiza siku 22 za kazi katika miezi 2, kisha akaajiriwa tena kabla miezi hiyo haijamalizika, ajira hiyo mpya yahesabiwa kuwa ya mkataba usio na mwisho. Hata pasipo hati, sheria hudhania mkataba kuwa usio na mwisho mpaka mwajiri alete ithibati ya kinyume, na mfanyakazi aweza kuuthibitisha kwa kila njia ya ushahidi: orodha ya malipo, barua yenye muhuri, au kauli za wenziwe.

Mwenye mkataba usio na mwisho hafukuzwi ila kwa sababu ya haki, itokanayo na uwezo wake, mwenendo wake au mahitaji ya kazi. Kabila, dini, mimba na rai ya siasa si sababu, na kubadilika kwa mkuu wa afisi peke yake si sababu pia. Hata sababu ikiwapo, pasipo kosa kubwa la mfanyakazi, sharti apewe ilani ya siku 14 za kazi, pamoja na siku 7 kwa kila mwaka kamili, hata aliyetumika miaka 5 apate siku 49. Akiondolewa pasipo sababu ya haki, ana haki ya kurudishwa kazini. Asiporudishwa hustahili fidia, ambayo haizidi ujira wa miezi 36.

Shauri huanzia kwa mkaguzi wa kazi, atafutaye sulhu baina ya pande mbili, kwa kuwa mahakama haipokei dai lisilopita kwake. Tunza basi kila karatasi, wala usikawie: madai ya mkataba hufa baada ya miaka 3, na ya mshahara baada ya mwaka 1 tangu siku uliyostahili kulipwa.