SOMO KWA VYAMA: OMBI LISILOJIBIWA NA AMRI YA MAHAKAMA

Wahenga walisema, ngoja ngoja huumiza matumbo. Chama kinachopeleka ombi katika ofisi ya umma kisha kisijibiwe hupata hasara mbili: hakipati kilichoombwa, wala hakipati sababu za kukataliwa ambazo kingeweza kuzipinga. Yafaa kila katibu ajue njia ambayo sheria imeiweka.

Wajibu wa kuamua

Ichukuliwe mfano wa chama cha msingi cha wakulima wa pamba, katika kijiji cha Wilaya ya Bunda au ya Butiama, kinachohitaji ardhi ya kujenga ghala. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 inakiruhusu chama cha msingi cha wanakijiji kuomba hakimiliki ya kimila kwa halmashauri ya kijiji. Sheria hiyo yaitaka halmashauri iamue ombi ndani ya siku 90 tangu lilipowasilishwa, au tangu yalipowasilishwa maelezo zaidi iliyoyataka. Ieleweke kwamba wajibu huo ni wa kuamua, si wa kukubali. Halmashauri yaweza kukubali, yaweza kukataa. Isichoruhusiwa ni kunyamaza.

Mahakama yaweza kufanya nini

Wajibu wa namna hii usipotimizwa, Mahakama Kuu, yenye masjala mjini Musoma, yaweza kuombwa itoe amri ya kumshurutisha mwenye mamlaka atimize wajibu wake. Mawakili huiita mandamus. Jaji hakai katika kiti cha halmashauri wala hagawi ardhi. Huamuru ombi lishughulikiwe na jibu litolewe.

Katika shauri la mwaka 1986 lililotoka Bukoba, mwananchi alidai mali yake iliyokuwa imeshikiliwa, akiwalalamikia Mkuu wa Mkoa na Kamanda wa Polisi wa Mkoa. Jaji Mwalusanya alieleza masharti matano ya amri hiyo, ambayo mahakama za Tanzania zimeendelea kuyafuata:

1. Mwombaji awe amedai wajibu utekelezwe, na mhusika awe amekataa.
2. Wajibu uwe wa umma na uwe umewekwa na sheria.
3. Wajibu uwe wa lazima, usiwe jambo la hiari.
4. Mwombaji awe na haki ya kulileta shauri hilo.
5. Pasiwe na njia nyingine inayofaa.

Sharti la tatu ndilo huwachanganya wengi. Kukubali au kukataa ombi ni hiari ya halmashauri, lakini kuamua ni lazima. Chama kinachoiomba mahakama iagize kipewe ardhi kimeomba kisichowezekana; kinachoomba ombi lake liamuliwe kimesimama mahali imara.

Kazi ya katibu

Sharti la kwanza hutegemea jalada la chama. Madai ya mdomo barazani hayaachi ushahidi. Katibu atunze nakala ya ombi yenye muhuri na tarehe ya kupokelewa. Siku 90 zikipita, aandike barua ya kudai uamuzi, akitaja tarehe ya ombi na siku ambayo jibu linatazamiwa. Nakala ipelekwe kwa Mkurugenzi wa Wilaya na kwa Ofisa Ushirika, ili ionekane kwamba njia nyingine zimejaribiwa. Barua kama hiyo yaweza kumaliza jambo bila gharama ya wakili.

Isipojibiwa, muda usipotezwe. Kwanza huombwa ruhusa ya mahakama, na ombi hilo hupelekwa ndani ya miezi 6 tangu tendo au uzembe unaolalamikiwa. Mwanasheria Mkuu wa Serikali naye huitwa katika shauri. Mkutano mkuu uidhinishe hatua hiyo na gharama zake, na uamuzi uandikwe katika muhtasari. Wanachama wakumbuke pia kwamba wajumbe wa halmashauri ya kijiji ni jirani zao. Lugha ya barua iwe thabiti na yenye heshima.

Maswali ya kujadiliwa

1. Chama chenu kina maombi mangapi yasiyojibiwa, nayo yalipokelewa tarehe gani?
2. Je, jalada lina nakala zenye muhuri?
3. Kuna tofauti gani kati ya kudai kukubaliwa na kudai kujibiwa?