Somo la Nchi: Mtwara na Mlango wa Ruvuma

Mwezi huu twaitazama pembe ya kusini ya pwani yetu. Mwenye ramani na aifungue. Asiye nayo achore mchangani kwa kijiti, yatosha.

1. Nchi. Mto Ruvuma watoka katika milima ya Matogoro karibu na Songea, waenda mashariki mwendo wa kilometa 800 hivi, hata kuingia Bahari ya Hindi. Upande wa kaskazini ni Tanzania, upande wa kusini ni Msumbiji. Mlango wake una mafungu ya mchanga na mikoko, wala meli kubwa haziwezi kuingia. Kwa hiyo bandari haikujengwa mtoni, ila kaskazini yake, katika ghuba ya Mtwara, yenye maji ya kina. Kati ya ghuba hiyo na mto iko rasi ya Msimbati na Ghuba ya Mnazi, ambako tangu mwaka 2000 bahari imehifadhiwa kwa sheria. Ukipanda kutoka pwani wafika uwanda wa juu wa Wamakonde, wenye Newala na Tandahimba. Huko mikorosho yasitawi, lakini maji ni haba. Tangu zamani wanawake wameshuka mabondeni kuyateka.

2. Watu. Wamakonde ndio wengi, tena wako Wamakua na Wayao. Makabila haya yote yana ndugu ng'ambo ya Ruvuma. Mpaka wenyewe umepata kuhama: Wajerumani walitwaa Kionga, kusini ya mto, mwaka 1894, Wareno wakaitwaa mwaka 1916. Mstari ulihama, watu walibaki. Ndiyo sababu wakati wa vita vya ukombozi wa Msumbiji, 1964 hadi 1974, waliokimbilia kwetu walikuta lugha yao.

Sasa tusome hesabu. Mkoa wa Mtwara ulikuwa na watu 1,128,523 mwaka 2002. Mwaka 2012 walikuwa 1,270,854. Mwaka 2022 walikuwa 1,634,947. Katika miaka kumi ya kwanza waliongezeka 142,000 hivi, katika kumi ya pili 364,000 hivi. Lakini angalieni: mwaka 2012 mji wa Mtwara-Mikindani ulikuwa na watu 108,299 tu, wasiofika mmoja katika kila kumi wa mkoa. Waliobaki walikuwa nje ya mji, na walio wengi ni wakulima.

3. Bandari. Zamani mlango wa nchi hii ulikuwa Mikindani, mji wa majahazi, ulioona misafara ya pembe na ya watumwa. Huko ndiko Livingstone alikoanzia safari yake ya mwisho ya bara, mwaka 1866. Baada ya vita kuu ya pili Waingereza walitaka kulima karanga nyingi mno. Kwa ajili ya mashamba ya Nachingwea wakajenga reli na bandari ya Mtwara. Karanga hazikustawi, mpango ukaachwa mwaka 1951, na reli ikafungwa mwaka 1962. Mlango ulikuwa mzuri, lakini nyumba iliyokusudiwa haikujengwa.

Korosho ndizo zilizoiokoa bandari, wala hazikupandwa na wakubwa, ila na wakulima kila mtu shambani pake. Tena mwaka 1982 gesi iligunduliwa Ghuba ya Mnazi, na mwaka 2015 bomba la kuipeleka Dar es Salaam likakamilika. Kabla ya hayo, mwaka 2013, palikuwa na ghasia na watu wakafa, maana wenyeji waliuliza: Mali ya kwetu ikienda, sisi tutabakiwa na nini? Swali hilo si la kudharauliwa.

4. Fundisho. Bandari haiishi kwa kina cha maji peke yake. Yaishi kwa watu walio nyuma yake. Basi mwalimu apelekwaje Mtwara asiseme, Nimeiona nchi, kwa kuwa ameliona gati. Na apande hata Newala, ashuke hata kingo za Ruvuma, aulize maji yatekwa wapi na korosho zauzwa kwa bei gani. Hapo ndipo atakapojua anasema na nani.

Maswali ya kujibu darasani: Mbona bandari haikujengwa mlangoni pa mto? Karanga zilishindwaje, na korosho ziliwezaje? Katika kijiji chenu, mali yatoka kwa mlango gani, na nini hurudi?