Sulhu baada ya hukumu: ya barazani yafike mahakamani

Hukumu ikishatolewa, wengi hapa kisiwani Mombasa hudhani mlango wa sulhu umefungwa na kilichobaki ni dalali kubisha hodi. Sivyo. Sheria ya Kenya inawaruhusu mdai na mdaiwa kupatana hata utekelezaji ukiwa umeanza, na kifungu cha 159 cha Katiba ya 2010 kinazitaka mahakama zihimize upatanisho.

Mji wa Kale, kupatana si kazi ngumu. Wawili hao huenda huswali msikiti mmoja, pengine hata wameoleana, na wazee wa Kibokoni au Kuze huwakalisha kitako wakayamaliza. Hatari huja baadaye. Tuseme mfanyabiashara wa Marikiti ameamriwa kulipa shilingi 400,000. Wanakubaliana alipe 300,000 na yaishe. Analipa mkononi, mbele ya wazee, fatiha inasomwa. Faili mahakamani bado linaonyesha 400,000. Mdai akifariki, warithi wake watalikuta faili, hawatalikuta baraza. Na hukumu huweza kutekelezwa hadi miaka 12.

Kinga iko katika Kanuni za Mashauri ya Madai za 2010, Amri ya 22, kanuni ya 2. Mdai aliyelipwa nje ya mahakama ana wajibu wa kuijulisha mahakama, nayo iandike. Asipofanya hivyo, mdaiwa aende mwenyewe: mdai ataitwa aeleze kwa nini malipo yasiandikwe. Nenda mapema, risiti na ujumbe wa M-Pesa zikiwa bado zapatikana.

Makubaliano yaandikwe, yatiwe sahihi na pande zote mbili, yawekwe kwenye faili la kesi ile ile. Taja nambari ya kesi, kiasi, tarehe za malipo, kama riba inasimama, na nani anamlipa dalali. Taja pia itakuwaje awamu moja ikikosekana. Hili watu huliona haya kulitamka, na ndilo huzua ugomvi mpya. Mahakama ikishayapitisha, yanakuwa amri. Kujuta hakutayavunja, hutenguliwa kwa sababu nzito kama ulaghai au njama. Basi usitie sahihi kiasi usichokiweza.

Dalali akishaorodhesha mali zako, una siku saba za kuzikomboa. Zitumie kumfuata mdai, na mkipatana amwandikie dalali asimamishe kazi. Lakini usikubali awamu nzito kwa kuogopea nguo, matandiko, vyombo vya kupikia au zana za ufundi wako: sheria inakataza vitu hivyo kuuzwa.

Mdai akikataa katakata, Amri ya 21, kanuni ya 12, inakuruhusu kuiomba mahakama ulipe kwa awamu bila ridhaa yake, ukiwa na sababu ya kutosha. Peleka ombi hilo pamoja na malipo ya kwanza, hata yakiwa madogo. Nia njema huonekana kwa fedha.

Na ukimaliza deni, usiondoke bila nakala ya amri inayosema limelipwa lote.