Walisema, Wengine Wakaandika: Mafunzo Niliyopata kwa Wanawake Watakatifu wa Kale

Parokiani kwetu Dodoma huwezi kupita bila kukutana na jina la mwanamke mtakatifu. Liko kwenye kibao cha jumuiya, kwenye kitenge cha WAWATA (chama cha wanawake Wakatoliki), mgongoni mwa fulana za kwaya: Monika, Skolastika, Klara wa Asizi, Rita wa Kashia. Somo wa jumuiya yetu, yaani mtakatifu msimamizi wetu, ni Katarina wa Siena, na kwa kuwa mimi ndiye katibu, kila tarehe 29 Aprili hutakiwa kusoma historia yake kabla chakula hakijapakuliwa. Historia yenyewe ilikuwa karatasi moja iliyofifia kwa kutolewa kopi ya kopi: alizaliwa, alisali sana, aliteseka, alifariki. Watu wanasema amina, sufuria zinafunuliwa. Nikataka kujua kama mwanamke huyu aliwahi kusema neno lolote. Nikauliza masista, nikaazima vitabu, nikasoma kwenye simu hadi usiku. Kumbe alisema mengi, na hakuwa peke yake.

1. Mwenye kitabu si lazima awe mwenye kalamu

Nimekula mshahara kwa miaka mingi kwa kuandika maneno ya wengine: kumbukumbu za vikao, taarifa za semina, hotuba za wakubwa. Dodoma haiishiwi vikao. Kazi hiyo imenionyesha kwamba mwandishi wa kikao ana madaraka ambayo wajumbe hawayahisi. Ukiipunguza makali kauli ya mjumbe, kikao kijacho inasomwa ikiwa imepoa, na yeye mwenyewe ananyoosha mkono kuithibitisha.

Ndiyo maana nilipoanza kuwasoma wanawake hawa, swali langu la kwanza lilikuwa: nani alikuwa ameshika kalamu? Katarina, aliyezaliwa mwaka 1347, ana barua karibu 380 zilizobaki, na sehemu kubwa alizisema kwa mdomo, makarani wakaandika. Maisha yake yakaandikwa na Raymond wa Capua, padri muungamishi wake. Hildegarda wa Bingen, mtawa wa Ujerumani aliyezaliwa mwaka 1098, alianza kuyaandika maono yake mwaka 1141 akiwa na miaka 42, akisaidiwa na mmonaki aitwaye Volmar aliyemnyooshea Kilatini. Margery Kempe, mke wa mtu katika mji wa Lynn nchini Uingereza, hakujua kuandika kabisa. Mwandishi wake wa kwanza aliacha mwandiko usiosomeka, na padri aliyeombwa kuurekebisha akasitasita miaka kadhaa kwa sababu mama mwenyewe alikuwa anasemwa vibaya mtaani.

Wapo wanaosema basi vitabu hivyo si vya wanawake hao. Mimi sikubali. Nikiwa msichana niliwaandikia barua mama majirani waliokuwa na watoto Dar es Salaam na Morogoro. Walikaa juu ya kigoda, wakasema, nikaandika, nikawasomea, wakanirudisha: "Hapo sikusema hivyo, futa." Hakuna aliyewahi kudai barua zile ni zangu.

2. Katarina hakuwa sista

Picha inayobebwa siku ya somo inamwonyesha katika vazi la kitawa, na wengi wetu tumekua tukiamini aliishi konventini. Hakuishi. Alikuwa wa utawa wa tatu wa Wadominiko, akakaa kwao, nyumba yenye kelele ya Jacopo Benincasa, mtia rangi nguo, na Lapa mkewe, ambao Katarina alikuwa mmoja wa watoto wao 25. Inasimuliwa kwamba dada yake Bonaventura alipofariki, wazazi walitaka Katarina aolewe na shemeji yake yule mjane. Hapa sikuhitaji kuwaeleza wanajumuiya chochote, walianza kuguna wenyewe. Msichana akakata nywele zake. Wazazi wakamnyang'anya chumba na kumpa kazi zote za nyumba.

Binti huyohuyo ndiye aliyekuja kumwandikia Papa Gregori XI, aliyekuwa akikaa Avignon nchini Ufaransa, akimhimiza awe mwanamume wa kweli na arudi Roma. Papa alirudi Januari 1377. Wanahistoria wanazo sababu nyingine za kisiasa za safari hiyo, wala sitaki kumpa Katarina sifa zote. Ninachoshangaa ni lugha. Barua zake hazina unyenyekevu ule tunaofundishwa wanawake tukipewa kipaza sauti. Anaanza kwa heshima, mistari michache baadaye anaagiza. Mwaka 1970 Papa Paulo VI alimtangaza Mwalimu wa Kanisa, siku chache baada ya Tereza wa Avila, na hao ndio wanawake wa kwanza kupewa cheo hicho. Tereza wa Lisieux alifuata mwaka 1997, Hildegarda mwaka 2012. Wanne tu hadi leo.

3. Kufunga kula kuna sura nyingine kwenye nchi ya njaa

Hili ndilo lililonisumbua kuliko yote. Katarina alikataa chakula. Haikuwa funga ya Kwaresima. Kwa miaka alikula kidogo mno, na mapema mwaka 1380 akafikia kutomeza hata maji. Alifariki Aprili 29 akiwa na miaka 33. Waandishi wa zama zake waliliona hilo kuwa ajabu ya utakatifu. Karatasi yetu ya zamani ililigusa kwa maneno mawili: "alifunga sana".

Nilipolieleza kwa urefu, mama mmoja mzee wa jumuiya, ambaye kwa kawaida husinzia wakati wa historia, aliinua kichwa akasema: "Kukataa chakula ni kwa mwenye chakula."

Yeye ni Mgogo wa vizazi vyote, na mama yake alikuwa mtoto wakati wa Mtunya. Msomaji asiye wa huku huenda hajui. Kati ya mwaka 1917 na 1920 Ugogo ulipigwa na njaa iliyoua watu wapatao 30,000 katika nchi yenye watu kama 150,000. Ukame ulikuwepo, lakini Ugogo umezoea ukame. Kilichovunja watu ni vita: majeshi ya Wajerumani na kisha ya Waingereza yalichukua ng'ombe, nafaka na wanaume wa kubeba mizigo, mvua ikakosekana wakati hakuna kilichobaki ghalani. Kwa anayetoka kwenye kumbukumbu hiyo, sahani iliyosukumwa pembeni haionekani kuwa sala.

Nilitafuta msaada kwa mwanahistoria wa Marekani, Caroline Walker Bynum, aliyeandika kitabu kizima mwaka 1987 kuhusu chakula na wanawake watawa wa zama hizo. Hoja yake ni kwamba mwanamke wa kale hakuwa na fedha wala ardhi ya kuikana kama alivyofanya Fransisko wa Asizi, na kitu kimoja kilichokuwa chini ya mamlaka yake kilikuwa chakula: kukipika, kukigawa, kukitoa kwa maskini, kukikataa. Alikana alichokuwa nacho. Nilimpelekea yule mama hoja hii nyumbani kwake, tukiwa na ugali wa uwele na mlenda mbele yetu. Alisikiliza mpaka mwisho. Akasema sehemu ya kukigawa anaielewa vizuri, kwa kuwa hata huku ufunguo wa ghala alikuwa nao mama. Ya kukataa akaniachia mwenyewe.

Nami namuunga mkono kwa sehemu. Nampenda Katarina wa barua. Katarina wa njaa namhurumia, na siku ya somo sisemi mbele ya mabinti wa Kipaimara kwamba mwili uliokonda ulikuwa ngazi ya kwenda mbinguni. Baadhi yao tayari wanajinyima kula kwa sababu ya picha za kwenye simu.

4. Unaweza kunyimwa wimbo, na wimbo ukawa ndio hoja

Hildegarda aliacha nyimbo zaidi ya 70 na mchezo wa kuimbwa kuhusu fadhila zinazoipigania roho. Ukizisikiliza utaona sauti inavyopanda mbali kuliko nyimbo za kawaida za monasteri. Kwa Mgogo, aliyezoea sauti zinazorukiana, hilo si geni sana.

Kisa kilichonikaa moyoni ni cha mwaka 1178, Hildegarda akiwa na miaka kama 80. Alikubali mtu fulani azikwe kwenye makaburi ya monasteri yake. Wakubwa wa Kanisa wa mji wa Mainz wakasema marehemu alikuwa ametengwa na Kanisa, afukuliwe. Hildegarda akajibu kwamba mtu huyo alikuwa amepatanishwa kabla ya kufa, na akagoma. Adhabu ikaja: hakuna Misa, na masista wasiimbe tena sala zao, wanong'one tu na milango imefungwa. Mama huyu mgonjwa aliwaandikia barua akieleza kwamba wimbo ni kumbukumbu ya sauti aliyokuwa nayo Adamu kabla ya kuanguka, na kwamba anayewanyamazisha wanaomsifu Mungu bila sababu ya haki ajiangalie mwenyewe atasimama wapi. Adhabu iliondolewa mwaka 1179, miezi michache kabla hajafariki.

Huku kwetu wanawake ndio wapigaji wa ngoma ya muheme, ngoma ambayo zamani ilikuwa ya jando na unyago na ambayo wahubiri wa kwanza waliitazama kwa jicho baya. Leo inapigwa hata makanisani. Mzozo wa nani aimbe nini, na mbele ya altare ipi, tunaujua bila kufika Mainz.

5. Afrika Mashariki ilikuwa na wanawake wake, na wakali zaidi

Nilidhani lazima nivuke bahari. Kumbe karne ya 15 Ethiopia ilikuwa na Krestos Samra, aliyeanzisha monasteri kwenye Ziwa Tana. Masimulizi ya maisha yake yako katika lugha ya Ge'ez, na sehemu kubwa anaongea mwenyewe, mmonaki Filippos akiandika.

Masimulizi hayo hayafichi. Alikuwa mke wa mtu mwenye mali, mwenye watumishi. Siku moja kwa hasira alimtia mtumishi wake wa kike kijinga cha moto mdomoni, msichana akafa. Aliomba na kulia mpaka yule mtumishi akafufuka, ndipo akaacha nyumba na utajiri, akaenda utawani. Nimesoma historia nyingi za watakatifu, na chache zinaanzia kwenye uovu wa mama mwenye nyumba dhidi ya msichana wa kazi. Nilipoisoma kwenye jumuiya kulikuwa na utulivu usio wa kawaida, na akina mama wawili watatu walitazama mikeka.

Halafu linakuja la ajabu zaidi: alimwomba Mungu amsamehe Shetani, ili watu waache kuteseka. Akateremka mwenyewe kumshawishi. Shetani akamvuta kuzimu, malaika mkuu Mikaeli akamwokoa, akatoka na umati wa roho alizoziokota huko. Paroko akiniuliza kama hilo ni fundisho sahihi nitamwambia ni la Kanisa la Ethiopia, waulizwe wao. Lakini mwanamke anayekwenda kwa adui kupatanisha bila kutumwa na baraza la wazee, huyo kila kijiji cha Chamwino, hapa Dodoma, kinaye.

6. Si wote waliopewa sanamu

Marguerite Porete, mwandishi mwanamke wa zama hizo, alichomwa moto Paris tarehe 1 Juni 1310 kwa sababu ya kitabu alichokataa kukiacha. Kitabu kilinusurika bila jina lake. Kikanakiliwa, kikatafsiriwa, kikasomwa na watawa wema kwa karne nyingi, mpaka mwaka 1946 mtafiti wa Kiitalia, Romana Guarnieri, alipotambua ni chake. Margery Kempe naye alipotea: kitabu chake kilijulikana kwa vipande tu mpaka nakala kamili ilipoonekana mwaka 1934 katika nyumba ya familia moja Uingereza. Alikuwa mama wa watoto 14, aliyejaribu biashara ya kupika pombe ikamshinda, na aliyelia kanisani kwa sauti kubwa kiasi cha kuwakera mapadri na mahujaji wenzake. Angekuja kwenye mkesha wa Karismatiki hapa mjini, nadhani hakuna ambaye angegeuka kumtazama.

7. Ugonjwa uliwapa ruhusa

Mwanamke wa Kiingereza, Julian wa Norwich, aliugua Mei 1373, akiwa na miaka 30, mpaka akapewa sakramenti za mwisho. Katika kitanda hicho aliona maono 16. Alipona, akayaandika kwa ufupi, kisha akayatafakari kwa takriban miaka 20 na kuandika tena kwa urefu, akiwa anaishi katika chumba kilichoungana na kanisa. Kwake Yesu ni mama. Ni kitabu cha kwanza tunachokijua cha mwanamke katika Kiingereza.

Aliyesoma Kiswahili sekondari atakumbuka mwanamke mwingine mgonjwa: Mwana Kupona binti Mshamu, aliyemtungia binti yake utendi wa mawaidha ya dini na ndoa mwaka 1858, akiwa kitandani, miaka michache kabla ya kufa. Dini tofauti, bahari tofauti. Lakini ni kana kwamba mwanamke lazima kwanza akaribie kaburi ndipo asikilizwe akizungumza juu ya Mungu bila kuulizwa nani amemtuma.

8. Watu huchagua mtakatifu kwa maisha, si kwa maktaba

Jumuiya yetu ilikua mpaka ikabidi igawanywe, na sehemu mpya ikahitaji somo. Mimi, nikiwa na daftari langu lililojaa, nilimpendekeza Hildegarda. Niliwaeleza maono, nyimbo, vitabu vya dawa za mimea, mgomo wa Mainz. Walinisikiliza kwa adabu. Mzee mmoja akasema jina litawashinda watoto. Mama mwingine akamtaja Rita wa Kashia.

Rita alizaliwa mwaka 1381, akafa 1457, na hakuacha kitabu. Alivumilia mume mkali, mume akauawa, wanawe wakafa, akaingia utawani akiwa mjane. Nilitaka kusema kwamba huyu hana hata mstari mmoja tunaoweza kusoma, ila nikatazama chumba: wajane walikuwa wengi kuliko wenye waume, na baadhi ya waume waliokuwepo walikuwa wanaangalia dari. Tukapiga kura kwa vikaratasi. Rita alishinda kwa mbali. Hildegarda alipata kura mbili, moja yangu, na ya pili mpaka leo sijajua ni ya nani.